Barua ya wazi: Kabla hamjawafungulia wageni mahandaki ya Kilembe

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Nishati na Maendeleo ya Madini,
Mheshimiwa Waziri wa Utalii, Wanyamapori na Mambo ya Kale,
Uongozi wa Kilembe Mines,
na Mheshimiwa Mwenyekiti wa Wilaya ya Kasese

Waheshimiwa,

Baada ya salamu, tuingie kwenye jambo lenyewe. Anayepanda Rwenzori kwa njia ya Kilembe, bonde la mgodi wa shaba magharibi mwa Uganda, huanzia Kyanjuki, na kabla hajaiona theluji huwa ameshapita mitambo yenye kutu, nyumba za wafanyakazi na vinywa vya mahandaki ubavuni mwa mlima. Swali linalofuata ni lile lile, awe mgeni wa Kampala au wa Ulaya: humo ndani panaingilika? Jibu letu ni kwamba panaingilika, na pafunguliwe. Lakini mgodi wa chini ya ardhi hauwi jumba la makumbusho kwa sababu tu uchimbaji ulisimama. Unabaki kuwa mgodi, wenye tabia za mgodi. Kwa hiyo ombi letu ni moja, na mengine yote humu yanalitegemea: pawe na mtu mmoja mwenye ujuzi wa migodi, anayepewa kwa maandishi ufunguo wa lango na uwezo wa kusema "leo hapana", asiweze kupinduliwa na meneja, mwanasiasa wala mwenye basi la watalii.

Thamani ya mahali hapa haihitaji kupambwa. Kampuni ya Kilembe Mines iliundwa mwaka 1950, reli ikafika Kasese mwaka 1956, na mwaka huo huo uzalishaji ukaanza. Mwamba ulisagwa, shaba ikatenganishwa na kobalti kwa njia ya povu, kisha makinikia ya shaba, yaani unga wa madini uliotenganishwa, yakapakiwa kwenye treni hadi Jinja, yakayeyushwa kwa umeme wa bwawa la Owen Falls. Mpaka kazi ilipokufa mwanzoni mwa miaka ya 1980, tani kama milioni 16 za mwamba wenye shaba ya karibu asilimia 2 zilikuwa zimepita kinuni, zikatoa zaidi ya tani 200,000 za shaba. Makinikia ya kobalti yaliyojaa pairiti, madini ya chuma na salfa, yalirundikwa Kasese, zaidi ya tani milioni moja, mvua ikayaosha kuelekea Hifadhi ya Queen Elizabeth hadi uoto ukafa kwenye mkondo wake. Kuanzia mwaka 1999 rundo hilo lilichakatwa kwa bakteria wanaokula salfa ili kobalti itolewe. Mwongoza watalii asiyeweza kuueleza mnyororo huo, kutoka jiwe la Kilembe hadi tanuri la Jinja na bakteria wa Kasese, ataishia kuuza giza.

Sasa handaki lenyewe. Kilembe ina bahati ambayo migodi mingi ya kitalii haina: mahandaki yake mengi yaliingia mlimani kwa usawa, mtu akaenda kwa miguu. Huko Wales, mgodi wa makaa wa Big Pit uliofungwa mwaka 1980 na kufunguliwa kwa wageni mwaka 1983 huwashusha watu mita 90 kwa kizimba cha kamba ya chuma, na kizimba kina kamba, breki na injini ambavyo havina siku ya kupumzika. Sisi hatuhitaji hayo yote. Linahitajika handaki moja la usawa, lililo juu ya kiwango cha maji, lenye kimo cha mita 2 na upana unaopitisha machela na wabebaji wake. Likiwa na mlango wa pili wa kutokea, vizuri. Kama halina, ziara isizidi mita 150 au 200 kutoka mlangoni. Mgeni hapotezi kitu: baada ya kona ya pili mwanga wa nje umekwisha, reli iko miguuni, maji yanadondoka, na amekwisha kuuona mgodi. Hata Falun nchini Sweden, mgodi wa shaba wenye mwamba wa salfa kama wetu na uliomo kwenye orodha ya urithi wa dunia tangu mwaka 2001, huwaonyesha wageni sehemu ndogo ya juu tu.

Kuna mahali pa kukwepa kabisa, nako ni chini au kando ya vyumba vya zamani vilivyojaa maji nyuma ya ukuta. Pampu zikisimama, viwango vya chini hujaa, na maji yaliyozuiwa na ukuta wa saruji au rundo la kifusi hayatoi taarifa yanapoamua kutoka. Ramani za zamani za mgodi ndizo zinazoonyesha vyumba hivyo. Bila ramani iliyothibitishwa na mpimaji, handaki lisifunguliwe, hata liwe zuri namna gani.

Watu huuliza kwanza kama dari itaanguka. Wana haki, lakini sisi huanza na hewa, kwa kuwa hewa mbaya haina kishindo. Mwamba wa Kilembe una kalkopairiti na pairiti yenye kobalti, yaani madini ya salfa. Yakikutana na unyevu huoza polepole, na katika kuoza huko hula okisijeni na kuzaa asidi. Mbao za zamani nazo zikioza hula okisijeni na kuacha kaboni dioksidi, gesi nzito kuliko hewa, inayolala kwenye mashimo na vichochoro visivyopitisha upepo. Haina rangi, na kwa pua ya kawaida haina harufu. Hidrojeni sulfidi, inayotoka kwenye maji yaliyotuama yakivurugwa na buti, hunuka yai viza, lakini ikizidi huua uwezo wa kunusa, na mtu hudhani imeondoka.

Handaki lililopimwa likawa salama Jumatatu laweza kuwa mtego Alhamisi. Sababu ni mbili. Hewa ya nje ikiwa baridi kuliko ya ndani, upepo wa handaki huvuta upande mmoja. Nje kukiwa na joto zaidi, huvuta upande mwingine. Na katikati kuna saa ambapo hauvuti popote. Sababu ya pili ni mgandamizo wa hewa: unaposhuka kabla ya dhoruba, mgodi hupumua nje, na hewa iliyokufa kwenye vyumba vilivyofungwa hutambaa hadi njia ya wageni. Kwenye bonde lenye mvua kama letu hilo si jambo la nadra. Ndiyo maana kipimo cha mwezi uliopita, hata kiwe na muhuri, hakina kazi asubuhi ya leo.

Kipimo cha gesi nne husoma okisijeni, kaboni monoksidi, hidrojeni sulfidi na gesi zinazolipuka. Hewa safi ina okisijeni asilimia 20.9. Ikishuka hadi 19.5, watu watoke, na hapo hapana mjadala. Kengele ya kaboni monoksidi iwekwe kwenye sehemu 35 kwa milioni, ya hidrojeni sulfidi kwenye 10. Lakini angalieni: kipimo hicho hakisomi kaboni dioksidi, ambayo ndiyo jirani wa karibu wa mbao zetu zinazooza. Nunueni chenye kihisio cha tano, na mpaka wa kaboni dioksidi uwe asilimia 0.5. Mpimaji asome kwenye usawa wa kichwa, wa kiuno na wa kifundo cha mguu. Kwenye shimo akishushe kwa kamba, asiingize kichwa.

Makosa tunayoyajua kwenye kazi hii ni yale yale kila mahali. La kwanza, kipimo huwashwa na kusawazishwa ndani ya handaki badala ya nje. Kifaa hicho hukubali kwamba hewa iliyopo wakati huo ndiyo hewa safi, kisha husoma 20.9 kwa utulivu kabisa mahali ambapo mshumaa usingewaka. La pili, kihisio cha okisijeni huchakaa kwa miaka kama miwili hata kikikaa kabatini, na hakuna anayeandika tarehe ya kukibadilisha. La tatu ndilo linalotukera zaidi: jenereta ya dizeli huwekwa mlangoni, karibu na feni, nayo feni huvuta moshi na kuupeleka ndani kwa bomba lile lile lililonunuliwa kuokoa watu. Kilembe Mines ina kituo chake cha umeme wa maji kwenye Mto Mubuku, chenye uwezo wa megawati 5 hivi. Vuteni waya kutoka kwenye gridi, na jenereta ibaki ya dharura, upande ambao upepo unaupeleka moshi mbali na feni. Feni isukume hewa hadi mwisho wa njia ya wageni kwa bomba la turubai, iwashwe nusu saa kabla ya mpimaji kuingia, na isizimwe mpaka mtu wa mwisho awe nje.

Tena, msinunue vile vifaa vidogo vya kiunoni vyenye chujio mkadhani mmenunua okisijeni. Chujio hugeuza kaboni monoksidi ya moto iwe gesi isiyoua haraka. Haliongezi okisijeni hata chembe, na kwa mgodi ambao hatari yake kubwa ni okisijeni pungufu, ni pambo. Kama mnanunua, nunueni cha kujitegemea, kinachotengeneza okisijeni yake. Ni ghali, ni kizito, kinahitaji mafunzo. Njia fupi na feni nzuri vinapunguza gharama hiyo kuliko mazungumzo yoyote na muuzaji.

Baada ya hewa, dari. Kazi hii hufanywa kwa mtaimbo na sikio. Fundi husimama chini ya dari aliyokwisha kuipima, miguu imepanuka, njia ya kurudi nyuma imefagiliwa, mwenzake yuko nyuma yake na taa. Mtaimbo huelekezwa mbele kwa mshazari, kamwe si wima juu ya utosi, kwa sababu jiwe likiachia huteleza kwenye chuma na kufuata mikono. Anagonga. Mwamba uliounga na mlima hulia mkali na mtaimbo hudunda mkononi. Mwamba uliotengana hulia mzito, kama ngoma iliyolegea, na ukiweka kiganja kando yake unahisi mtetemo. Hapo hauachwi kwa kuwa "umekaa miaka yote hiyo". Huangushwa. Bamba la mita moja ya mraba lenye unene wa sentimita 10 lina uzito wa zaidi ya kilo 250. Kofia ngumu ilitengenezwa kwa ajili ya vijiwe na dari fupi zinazogonga kichwa, haikutengenezwa kwa hilo.

Mtaimbo uwe na urefu wa kati ya mita 1.8 na 2.4. Ukiwa mfupi, fundi anasimama chini ya anachokiangusha. Kazi huanzia nje kwenda ndani, kila asubuhi kwenye njia yote, na hurudiwa baada ya tetemeko lolote linalohisiwa. Rwenzori si mlima uliotulia: tetemeko la Machi 1966 liliua watu zaidi ya mia moja upande huu wa Toro na ng'ambo ya mpaka, Kongo, na la Februari 1994 lilitikisa Fort Portal na Kasese. Mitetemo midogo ndiyo inayosahaulika, nayo ndiyo hulegeza.

Bolti za zamani za kushikilia dari, pale zilipo, zisihesabiwe kama msaada mpaka baadhi yake zivutwe kwa jeki ya kupimia. Maji yenye asidi hula chuma ndani ya tundu huku bamba la nje likibaki zuri la kupigiwa picha. Nguzo za mbao hupimwa kwa kisu: kikizama bila nguvu, nguzo hiyo inashikiliwa na dari badala ya kuishikilia. Kwenye nyufa zinazotiliwa shaka bandikeni tone la plasta na kuliandika tarehe. Plasta haiwezi kunyumbuka. Ikipasuka, mwamba umesogea, na ziara inasimama. Gharama yake ni kijiko cha plasta.

Mita 20 za kwanza ndizo mbaya kuliko zote, ingawa ndizo mgeni anazotembea akiwa bado anacheka. Hapo mwamba umelika kwa jua, mvua na mizizi. Zinahitaji matao ya chuma au saruji, na mtaro wa kukinga maji juu ya mlango. Hatuoni sababu ya kulijadili hili kwenye kamati.

Chini ya miguu kuna hatari ya aina nyingine. Mgodi wa aina hii una mashimo ya wima ya kushushia mwamba kutoka kiwango kimoja hadi kingine. Wafanyakazi waliyafunika kwa mbao, mbao zikafunikwa na tope, tope likafunikwa na maji. Anayetembea anaona dimbwi la kina cha kifundo. Kila shimo lililo kwenye njia ya ziara lijazwe au lifunikwe kwa chuma kilichofungwa kwenye mwamba, na kila kichochoro cha kando kizibwe kwa lango la nondo. Utepe wa plastiki wa rangi mbili si lango. Reli iachwe, kwani ni nusu ya uzuri wa mahali, ila katikati yake pajazwe changarawe hadi usawa wa chuma; mgeni anayetazama dari hujikwaa kwenye mataruma kila hatua ya tatu.

Baruti iliyosahaulika ni kazi ya wataalamu wa milipuko na polisi, kabla ya mtu mwingine yeyote kuingia. Baruti ya kale hutokwa jasho, na jasho lenyewe ndilo linalolipuka. Fataki za kuwashia hufanana na kalamu fupi ya chuma yenye nyaya mbili, kitu ambacho mtoto wa shule angekitia mfukoni. Handaki likaguliwe lote kwa macho na kwa kifaa cha kutambua metali, pamoja na matundu ya kuchoronga yaliyobaki ukutani.

Tumefika kwenye popo, na hapa tunaomba Wizara ya Afya nayo isome. Mwaka 2007 wachimbaji wa mgodi wa Kitaka wilayani Ibanda, uliokuwa na popo zaidi ya laki moja, waliambukizwa virusi vya Marburg, ndugu wa Ebola. Desemba ya mwaka huo mtalii Mmarekani alitembelea Python Cave, pango la msitu wa Maramagambo ndani ya Hifadhi ya Queen Elizabeth, akaugua na kupona. Julai 2008 mtalii wa Kiholanzi aliyeingia pango hilo hilo alifariki kwao. Wote walikuwa mahali penye popo wakubwa wala matunda, wanaolala kwenye giza la mapango na migodi. Marburg haina chanjo iliyoidhinishwa. Hatuzungumzii jambo la nchi ya mbali: Maramagambo na Kilembe ziko kwenye safari moja ya mtalii, leo huku, kesho kule.

Kule Kitaka popo waliuawa na kufukuzwa mwaka 2008. Wakarudi. Mwaka 2012 Marburg ikatokea tena Ibanda, na waliopima kundi jipya la Kitaka walikuta maambukizi yameongezeka kuliko kabla ya mauaji, huenda kwa kuwa popo wasio na kinga ndio waliojaza nafasi. Kwa hiyo asije mtu na wazo la moshi, sumu au kuziba mlango popo wakiwa ndani. Handaki lenye kundi la popo hao liachwe kwao na lichaguliwe jingine. Watambuliwe na mtaalamu kabla ya pesa yoyote kutumika. Kelele, harufu nzito na mavi yaliyofunika sakafu ni dalili ambazo hata asiye mtaalamu haziwezi kumpita.

Kuna jambo ambalo vipeperushi vya ziara havitaliandika. Popo hao huzaa mara mbili kwa mwaka, na virusi huongezeka kwa wachanga kati ya katikati ya Juni na katikati ya Septemba, na tena kati ya katikati ya Desemba na katikati ya Machi. Hiyo ndiyo miezi ya ukame ya Rwenzori, ndiyo miezi ya wapandaji. Wageni wengi na hatari kubwa vinakuja kwa mkupuo mmoja. Hata handaki lisilo na kundi likaguliwe kila wiki katika miezi hiyo, kwa sababu popo wachache wanaohamia leo ni kundi la mwakani. Majina na simu za kila aliyeingia zihifadhiwe, maana ugonjwa huchukua hadi siku 21 kujitokeza, na bila simu hizo hakuna wa kumfuata.

Mgeni afanyiwe nini, basi? Kundi lisizidi watu wanane na waongozaji wawili, mmoja mbele, mmoja nyuma, na wa nyuma asigeuke mpiga picha. Kabla ya kuvaa chochote, kila mtu aulizwe faraghani kuhusu pumu, moyo, kifafa na hofu ya mahali pafinyu. Akiulizwa mbele ya wenzake atakana. Wajawazito na watoto ambao kofia ngumu inawapwaya wasiingie. Buti za mpira ziwepo za saizi zote, kwa kuwa kiatu cha ngozi hakipendi maji ya asidi, na kandambili tusizitaje. Taa ya kofia iwe imechajiwa usiku mzima, mwongozaji awe na taa tatu zinazojitegemea, na moja ya akiba kwa kila wageni wanne. Buti na kofia zisafishwe kwa maji ya klorini kila kundi linapotoka, mikono ioshwe kwa sabuni, ndipo chai inywewe.

Kila anayeingia apewe vibati viwili vyenye namba moja: kimoja hutundikwa ubaoni mlangoni, kingine hubaki shingoni mwake. Ubao ukiwa mtupu ndipo lango hufungwa. Mtindo huu ni wa wachimbaji wenyewe na haujapata mshindani, kwani hauhitaji mtandao wala betri. Daftari pekee halitoshi. Watu huandika kuingia, kutoka wanasahau.

Mlangoni abaki mtu mwenye saa na simu ya waya hadi mwisho wa njia, kwa kuwa simu za mkononi hukata hatua chache ndani. Kundi likichelewa dakika 15 apige simu. Lisipojibu, aite waokoaji waliokwisha kutajwa kwa majina. Asiingie peke yake kutazama, wala asimruhusu ndugu wa mgeni. Kwenye hewa mbaya, sehemu kubwa ya wanaokufa ni waliokimbilia kuokoa, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja akimwona aliyetangulia ameanguka tu. Na kabla ya siku ya kufungua, chukueni machela, wekeni mzigo wa kilo 80, mbebe kutoka mwisho wa njia hadi kwenye gari la wagonjwa. Muda utakaopatikana ndio ukweli wa mpango wenu wa dharura. Kama machela inakwama kwenye kona, kateni njia hapo.

Tusisahau mto. Nyamwamba ulifurika Mei 2013, ukarudi mwaka 2014, na Mei 2020 ukaharibu hata Hospitali ya Kilembe, ambayo ndiyo ingempokea mgeni aliyeumia. Mto ukipanda, daraja na barabara hukatika kabla mgodi haujaingia maji, na kundi lililo ndani salama linatoka nje kwenye bonde lisilo na njia. Kwa hiyo uamuzi wa kufunga usitegemee mvua ya mlangoni. Utegemee taarifa kutoka juu ya bonde. Watu wa vijiji vya juu wana simu.

Kuhusu maelezo ya ziara tuna machache. Yatolewe kwa Kiswahili na Lukonzo, lugha ya wenyeji, pia, si kwa Kiingereza peke yake. Mganda anayelipa kwa shilingi naye ni mtalii. Waliofanya kazi ndani ya mgodi huo ndio wanaojua vyumba, na umri hauwasubiri. Wachukuliwe maelezo sasa, walipwe kwa muda wao, na vijana wafunzwe nao. Big Pit huongozwa na wachimbaji, na mgeni huacha simu, saa na kila kitu chenye betri juu kwa sababu ya gesi ya makaa. Msiige hilo kwa kuwa limeandikwa kwa Kiingereza: mwamba wetu si wa makaa, na kipimo chenu cha gesi zinazolipuka kitasema. Mgeni apige picha akiwa amesimama. Kuokota mawe kukatazwe, kwa ajili ya kuta na kwa ajili ya mikono yake.

Uchimbaji wa Kilembe ukifufuliwa, mkataba wowote na mwekezaji utaje kwa ramani handaki lililotengwa kwa urithi, na umbali ambao baruti haitalipuliwa karibu nalo. Lisipotajwa, litakuwa njia ya kupitishia waya au ghala la mabomba ndani ya mwaka. Ada ya kiingilio igawanywe wazi: fungu la ukaguzi na feni litoke kwanza, kabla ya mishahara ya ofisini, na fungu la wakazi liwe la kudumu kama ile asilimia 20 ya viingilio vya hifadhi za taifa inayorudi kwa majirani wa hifadhi. Mgeni njoo mwenyeji apone. Lakini mwenyeji wa Kilembe ndiye pia anayekunywa maji yanayotoka mgodini, kwa hiyo maji ya handaki la ziara yapimwe asidi, shaba na kobalti kabla hayajaachiwa Nyamwamba.

Tumerudi kwa mwenye ufunguo. Leo ziara ya namna hii inaangukia katikati ya sheria tatu: Sheria ya Madini ya mwaka 2022, Sheria ya Makumbusho na Minara ya Kumbukumbu ya mwaka 2023, na Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2006. Hizo ni wizara tatu, na kila moja inaweza kuamini kwa moyo safi kwamba dari inakaguliwa na mwenzake. Tunaomba wizara hizo zitie saini hati moja inayomtaja meneja wa usalama wa handaki la ziara kwa cheo, sifa zake, na wa kumbadili akiwa likizoni. Mshahara wake usitegemee idadi ya tiketi. Ripoti yake ya asubuhi, yenye namba za gesi, dari, popo na mto, ibandikwe kwenye lango mahali ambapo mgeni anaisoma kabla ya kulipa. Siku isiyokuwa na karatasi hiyo, au yenye karatasi isiyo na saini, kiingilio kisikatwe.

Wenu katika kazi,

Waliokuwa wachimbaji, mafundi wa usalama wa migodi na waongoza watalii wa Kilembe na Kasese